Kufuli Nililotia Ukurasa wa King'ora

Wadogo zangu wa Form One, nyinyi mliopewa paswadi juzi na tayari mnatembea kama mmepewa bunduki, kaeni chini kidogo. Mimi ni Muthoni, nina miaka kumi na saba, na ni mstaafu. Msicheke. Kustaafu si lazima mtu awe na mvi. Inatosha jina lako liondolewe kwenye orodha ya wasimamizi na kiti chako kipewe mtu mwingine kikiwa bado na joto.

Nilihudumu miaka miwili na muhula mmoja kwenye wiki ya mtaa wetu wa Makongeni hapa Thika, yaani tovuti ambayo yeyote anaweza kuandika na kuhariri, ile ambayo chama cha kompyuta cha shule kilianzisha ili watu waandike mambo ya mtaa kabla hayajasahaulika. Nilitoka kazini na heshima kidogo, macho yanayouma, na maswali mengi kuliko niliyoingia nayo. Sasa nimeombwa niwaandikie yale mnayopaswa kujua. Nitaandika ninachojua. Pale ambapo sijui nitasema sijui, kwa hivyo zoeeni hilo neno mapema.

Kwanza kabisa, blogu na wiki si kitu kimoja, hata kama kwa tovuti yetu zimepangwa ukurasa mmoja kama vyumba vya ploti. Aliyenifundisha tofauti ni binamu yangu Kevo, ambaye ana saiba, duka la intaneti, karibu na soko na ameona watu wakiandika upuzi wa kila aina, kuanzia barua za mapenzi hadi barua za kuomba kazi, wakati mwingine zote mbili kwa faili moja. Kevo aliniambia, "Kwa blogu unaingia na viatu vyako na matope yake, watu wajue umetoka wapi. Kwa wiki unavua mlangoni. Hakuna mtu anataka kujua ulikanyaga nini."

Nikamuuliza, "Na soksi?"

Akasema, "Toka kwa saiba yangu."

Nilianzia kwa blogu, kwa sababu huko unaruhusiwa kusema "mimi", na mimi ndiyo mada ninayoijua vizuri zaidi. Makala yangu ya kwanza ilihusu mandazi ya kantini. Nilieleza kwamba andazi moja likiwekwa chini ya mlango, mlango hausogei hata upepo ukivuma kutoka Kilimambogo. Watu walipenda. Wakaacha maoni, na mimi nikajibu kila mmoja, nikimsifu aliyenisifu na kumrushia dongo aliyenikosoa. Nikajiona nimefika. Halafu akaja mtu anayejiita Mpenda Ukweli, akaandika kwa adabu sana: "Mwandishi ana kipaji. Lakini sufuria aliyopikia ugali Jumanne bado iko kwa karai, na leo ni Ijumaa."

Alikuwa mama yangu. Aliandika akiwa chumba cha pili, nikisikia kabisa anavyobonyeza simu.

Kwa hivyo chukueni hili la kwanza: kwa blogu msomaji anakujibu wewe, kwa jina lako na sufuria yako. Kwa wiki msomaji hakujibu. Anafuta tu ulichoandika, anaweka chake, anaenda zake. Ipi kati ya hizo mbili ni adabu zaidi? Nimefikiria miaka miwili na sijui.

Sasa nikupelekeni kwa Guka Ndirangu, kwa sababu bila yeye ningekuwa bado na cheo.

Guka si guka wangu wa damu. Ni jirani yetu wa nyumba ya tatu, lakini kwetu mzee wa rika lile unamwita Guka, yaani babu, hata kama humjui. Alifanya kazi miaka mingi kwenye kiwanda cha vifungo vya nguo ambacho siku hizi kimefungwa, katika chumba cha boila, pale maji yanapochemshwa kutoa mvuke wa kuendesha mashine. Kelele za mle ndani zilimla masikio. Ukitaka kuongea naye ama unapiga kelele mpaka mbwa wa jirani ajibu, ama unaandika kwa karatasi.

Siku tulipoalika wazee kuwafundisha kuhariri, mimi ndiye nilipangiwa yeye. Alishika haraka, kwa kidole kimoja kilichonyooka kama msumari. Jioni hiyo hiyo akaingia kwa ukurasa wa maporomoko ya Chania na kuandika hivi:

"Hamjambo nyote mnaosoma. Mimi Ndirangu ni mzima, miguu tu ndiyo inasumbua, siwezi tena kutembea mbali. Haya maporomoko nayajua. Mvua kubwa ikinyesha, maji yanageuka rangi ya chai na sauti yake ilikuwa inafika hadi kiwandani. Msalimieni aliye karibu nanyi."

Nikafuta salamu. Nikafuta uzima wake na miguu yake. Nikafuta "nayajua". Nikabakisha sentensi moja, kwamba mvua kubwa ikinyesha maji hugeuka rangi ya chai, nikaenda kulala nikijiona msafi kama daktari wa upasuaji.

Asubuhi alikuwa langoni kwetu, ameshika simu kwa mikono miwili.

"Muthoni."

"Ee, Guka!"

"Nani ameokota salamu zangu?"

"Wiki haina salamu, Guka!" nilipiga kelele, na mbwa akajibu. "Watu wanataka habari tu!"

"Nyumba gani hiyo mtu anaingia bila hodi?"

Nikamwonyesha kile kisanduku kidogo kilicho chini, ambacho kila anayehariri anatakiwa kuandika sababu ya mabadiliko yake. Nikamwandikia kwa karatasi: Hapa unaweza kusema maneno machache. Hayaonekani kwa ukurasa, yanabaki kwa historia ya ukurasa, na hakuna mtu anaweza kuyafuta.

Akasoma mara mbili. Akakiangalia kile kisanduku kama mtu aliyeonyeshwa mlango wa nyuma.

"Kumbe sebule iko huku," akasema.

Wadogo zangu, kama ningekuwa na akili ningeliandika hilo neno ukutani. Nilicheka tu, nikarudi ndani kunywa chai.

Baada ya majuma machache Guka akaanzisha ukurasa wake mwenyewe: king'ora cha kiwanda cha vifungo. Safari hii alivua viatu vizuri. Aliandika kwamba king'ora kile kilitumia mvuke wa boila, kwamba mtaa mzima ulipanga maisha yake kwa sauti yake, na kwamba kila asubuhi kililia saa kumi na mbili na nusu. Hakuna mimi, hakuna hamjambo. Nilijivunia kama nimemzaa.

Ukurasa ukakaa kimya mwezi mzima. Halafu akaingia mtu mgeni, jina lake la humo ndani Balbir Boila, akabadilisha kitu kimoja tu: badala ya saa kumi na mbili na nusu akaweka saa kumi na mbili na dakika ishirini na tano. Kwenye kisanduku cha sababu akaandika: "Nasahihisha. Aliyeandika alikuwa amelala."

Siku hiyo hiyo Guka akarudisha nusu yake. Sababu: "Sikulala. Anayelala anajulikana, godoro lake lilikuwa nyuma ya makaa."

Kesho yake Balbir: "Godoro lilikuwa la paka."

Guka: "Paka mwenye ndevu."

Ikawa kila siku. Dakika ishirini na tano, na nusu, ishirini na tano, na nusu. Sababu zikazidi kuwa kali. "Saa yako ulinunua kwa mchuuzi kipofu." "Wewe hesabu ulifundishwa na kuku." "Mwongo wa Ruiru." "Kiziwi wa Makongeni." Hilo la kiziwi lilinichoma. Nikajua sasa mtu asiyejulikana, aliyejificha huko Ruiru, anamtukana mzee wetu kwa ulemavu wake, tena kwenye wiki yangu.

Hapa naomba mnielewe. Mimi ndiye mcheshi wa darasa. Nimewahi kutolewa nje ya somo la baiolojia kwa kuzika chura aliyepasuliwa, tena kwa hotuba. Mtu akinitania naona utani ukiwa bado kona. Lakini maandishi hayana uso. Hakuna jicho linalokonyezwa, hakuna bega linalogongwa. Nilisoma "kiziwi" nikaona kiziwi.

Tulikuwa na sheria ya saba: ukurasa ukirudishwa mara kumi bila wahusika kukubaliana, unafungwa. Niliiandika mimi. Tulikuwa pia na sheria ya nane: wakishakubaliana, ukurasa unabaki umefungwa hadi mwisho wa muhula, ili makubaliano yasivurugwe. Niliiandika mimi. Na ya tisa: msimamizi atakayefungua kufuli bila ruhusa ya mwalimu atapoteza cheo siku hiyo hiyo. Hiyo niliiandika kwa ajili ya Brayo, msimamizi mwenzangu, aliyefungua ukurasa wa mpira na kuipa timu yake kombe ambalo haikushinda.

Nikatia kufuli. Juu yake nikaweka tangazo: "Ukurasa huu umefungwa kutokana na ugomvi. Wahusika wanashauriwa kujirekebisha." Kujirekebisha! Mimi, ambaye sufuria yangu ilikuwa kwa karai.

Kabla sijaendelea, shikeni ujuzi mmoja wa kazi, labda wa pekee ninaoweza kuapa kwao. Mkifungua historia ya ukurasa, msisome maneno peke yake. Someni saa. Baadaye sana, nilipokuwa sina cha kufanya, nilipitia ile historia nikaona kwamba Balbir alihariri kila siku kabla ya saa moja asubuhi, na Guka kila siku mara tu baada ya chai ya saa nne. Hakuna siku walikosa, hata Jumapili. Watu wanaogombana hawana ratiba. Lakini mimi sikusoma saa. Nilisoma kuku na paka na ndevu.

Baada ya kufuli nilingoja Guka aje anishukuru. Alikuja siku ya tatu.

"Kufuli linafunguliwa lini?"

Nikamwandikia: Mkikubaliana.

"Tukikubaliana nini?"

Dakika.

Akasimama pale langoni kwa muda mrefu kiasi kwamba mama alidhani anasubiri kitu, akamletea stuli. Juma hilo sikumwona akipita kwenda dukani. Juma lililofuata pia. Siku moja baada ya shule nikamkuta kwenye kibaraza chake anaambua maharagwe.

"Andika yake," akasema bila kuniangalia.

"Ya nani, Guka?"

"Ya Balbir. Ishirini na tano. Sema Ndirangu amekubali."

Nilifurahi! Nilikimbia nyumbani. Nikaandika dakika ishirini na tano kwa jina langu la usimamizi, MuthoniMkubwa, na kwenye kisanduku cha sababu nikaweka lugha yangu ya kiserikali: "Wahusika wameafikiana. Bw. Ndirangu ameridhia." Kisha, kwa mujibu wa sheria ya nane, nikaacha kufuli palepale. Sikumwambia Guka kuhusu sheria ya nane. Sikujua kwamba amekubali ili lifunguke.

Hiyo ilikuwa Ijumaa. Jumamosi asubuhi nikapata ujumbe kwa ukurasa wangu wa majadiliano. Nimeunukuu kwa daftari langu, unasema hivi:

"Naitwa Simran, ni mjukuu wa Balbir Boila. Tafadhali tuambie kama ni kweli Mzee Ndirangu amefariki, na mazishi ni lini. Babaji amevaa kilemba cheupe cha msiba tangu asubuhi. Hataki chai. Anataka kupelekwa Thika. Nambari yetu hii hapa."

Nilisoma nikaangalia nje ya dirisha. Guka alikuwa kibarazani kwake anakemea kuku. Nikasoma tena. Wuui. Nikapiga simu.

"Wewe ndio MuthoniMkubwa?" sauti ya msichana ikauliza.

"Ndio."

"Una miaka ngapi?"

"Kumi na saba."

"Aki nilidhani uko na hamsini. Vile unaandika."

"Simran, nani amewaambia Guka amekufa?"

"Wewe! Umeandika ameridhia. Babaji amesoma mara tatu, akasema, yaani, ameniandikia kwa karatasi: Ndirangu hawezi kuridhia akiwa hai."

Ndipo akanieleza. Babu yake na Guka walifanya kazi chumba kimoja cha boila. Balbir aliishi Thika maisha yake yote, mpaka mwaka jana alipopata kiharusi. Upande mmoja wa mwili ukalala, na maneno yakamtoka kinywani yakiwa yamevunjika, hata nyumbani ni wachache wanaomwelewa. Mwanawe akamchukua Ruiru. Mkono mmoja unafanya kazi. Mwingine daktari amesema aufanyishe mazoezi kila siku, na alikuwa hataki, mpaka Simran alipomwonyesha ule ukurasa wa king'ora.

"Tangu hapo anaamka kabla yangu," Simran akasema. "Anaandika na ule mkono mbovu. Herufi moja, moja. Akimaliza anacheka peke yake. Halafu mkafunga. Akaacha mkono. Na sasa hii."

"Nitatuma picha ya Guka, umwonyeshe yuko hai!"

Nikatuma. Simran akajibu: Babaji anasema picha yoyote inaweza kuwa ya zamani.

Tukajaribu video. Nikakimbia kwa Guka, nikamwekea simu usoni kabla hajajua ni nini. Hakusikia kitu, kwa hivyo akaitumbulia macho bila kusema, na mtandao nao ukachagua wakati huo kukwama. Kule Ruiru mzee akaona uso wa rafiki yake umekauka, macho wazi, mdomo wazi, hausogei.

"Muthoni," Simran akasema kwa sauti ndogo, "umefanya mbaya zaidi. Sasa anatafuta viatu."

Nikakata simu, nikachukua karatasi. Nikaandika: Balbir anafikiri umekufa. Kwa sababu ulikubali.

Guka akasoma. "Nimekufa lini?"

"Leo asubuhi!"

Akacheka. Alicheka mpaka maharagwe yakamwagika kutoka kwa ungo, mpaka akashika ubavu. Halafu akaacha, akafuta macho na nyuma ya mkono, na hakucheka tena.

"Anataka kuja?" akauliza. "Na ule mguu?"

Nikatikisa kichwa kwamba ndio.

Nikaandika swali ambalo ningemwuliza tangu mwanzo: Kwa nini hamtumiani tu ujumbe kwa simu kama watu wengine?

"Tulijaribu," Guka akasema. "Simu inasema nini? Unaendeleaje. Naendelea vizuri. Pole. Asante. Nimechoka kumuuliza, amechoka kunijibu. Kule kwa simu ni mgonjwa." Akaokota maharagwe matatu, akayarudisha kwa ungo. "Kwa ukurasa hakuwa mgonjwa. Alikuwa mwongo."

Nikaandika: Na dakika? Nani alisema ukweli?

"Tulipiga king'ora kwa zamu. Juma langu kililia na nusu. Juma lake kililia na ishirini na tano. Alisema kina mama wa mbali wanachelewa, wacha awaamshe mapema. Mimi nilisema saa ni saa. Tuligombana hilo jambo miaka yote."

"Kwa hivyo nyote mko sawa!"

"Ee."

"Si tuandike hivyo basi! Zote mbili!"

Guka akaniangalia kama mtu anayemwonea huruma mtoto wa jirani.

"Halafu kesho tutafanya nini?"

Wadogo zangu, nilisoma kurasa zote za mwongozo wa wiki. Hakuna mahali panapoeleza hilo.

Dawa ilikuwa moja. Balbir hangeamini picha, hangeamini mimi, hangeamini sauti. Angemwamini Ndirangu akikataa, kwa jina lake mwenyewe, kwenye ule ukurasa. Na ukurasa ulikuwa na kufuli langu. Nikampigia Madam Achieng', mwalimu wetu wa chama. Simu imezimwa, alikuwa ameenda na kikundi cha maigizo mbali huko. Nikampigia Brayo, nimwambie nataka kufungua.

"Sheria ya tisa," Brayo akasema, na nikasikia akitabasamu. "Mpaka Madam aseme. Si wewe ndio uliandika? Tena kwa ajili yangu?"

"Brayo, kuna mzee wa watu anavaa viatu Ruiru aje mazishi ya mtu anayeambua maharagwe."

"Sasa hiyo ni sababu gani? Andika kwa kisanduku nione."

Nikakata. Kwenye simu yangu nikafungua ukurasa wa king'ora. Kufungua kufuli ni kubonyeza mara mbili. Mara ya kwanza mfumo unakuuliza: Una hakika? Sikuwa na hakika ya kitu chochote siku hiyo. Nikabonyeza ya pili.

Guka akavaa miwani. Akaandika kwa kile kidole cha msumari, muda mrefu, kuku wakipita miguuni pake wakidonoa maharagwe bila kukemewa. Akanipa nione kabla ya kutuma. Kwa ukurasa: saa kumi na mbili na nusu. Kwa kisanduku: "Niko hai. Vua hicho kilemba cha mazishi unywe chai. Ilikuwa na nusu, mwongo wa Ruiru."

Nikampigia Simran, nikamwambia afungue. Nikasikia akikimbia, nikasikia mlango, nikasikia mtu mzima akitoa sauti ambayo sikuielewa. Haikuwa neno. Ingeweza kuwa kilio.

"Simran? Simran, yuko sawa?"

"Ngoja."

"Simran!"

"Ngoja, ameomba simu. Anaandika. Na ule mkono. Usikate."

Sikukata. Mama alipita akauliza kwa nini nimekaa kwa kibaraza cha watu nikiwa na simu sikioni bila kuongea. Nikamwashiria anyamaze, na kwa mara ya kwanza katika historia akanyamaza. Guka alitazama ile simu yake ya mkononi jinsi boila lilivyokuwa likitazamwa, nadhani, kungoja sindano ya kipimo cha mvuke ipande. Ilichukua kama nusu saa. Kisha ukurasa ukabadilika: dakika ishirini na tano. Kwa kisanduku, herufi mbili zikiwa zimekosewa lakini zikisomeka:

"Aibu. Nilikuwa nimetunga hotuba nzuri sana."

Guka akasoma, akavua miwani, akaipangusa na shati, akavaa, akasoma tena.

"Mwongo," akasema. "Hawezi kutunga hotuba." Akarudi kwa maharagwe yake, na sikumwona uso kwa sababu alikuwa ameinama sana juu ya ungo.

Jumatatu Madam Achieng' aliniita.

"Muthoni, nani aliandika sheria ya tisa?"

"Mimi, Madam."

"Na unataka kusema nini?"

Nilikuwa na mengi. Nilitaka kumweleza kuhusu sebule na paka mwenye ndevu, kwamba kuna matusi ambayo ni hodi na makubaliano ambayo ni tanzia, na kwamba sijui msimamizi atatofautishaje kwa kuangalia maandishi. Lakini nilipofungua mdomo, kilichotoka ni, "Sheria ni nzuri, Madam." Akaniangalia sana. Akafuta jina langu yeye mwenyewe, polepole, halafu akasema ukurasa wa king'ora ubaki wazi na msimamizi yeyote asiufunge tena. Brayo akapata kiti changu.

Basi huo ndio utumishi wangu. Mtaniuliza sasa, Muthoni, tukikuta watu wawili wanarudishiana ukurasa na kutukanana, tujue vipi kama ni vita au ni chai ya saa nne? Angalieni saa. Wapigieni. Nendeni mkawaone, muambue maharagwe nao. Zaidi ya hapo sijui, niliwaambia mapema.

Na msifanye kama mimi juma lililopita. Nilikuwa na simu, sina cheo, sina cha kupoteza, na ile sentensi isiyo kamili ilikuwa ikinisumbua kama jino. Nikaingia kama mtu wa kawaida, kwa jina langu lile lile, nikaandika ukweli wote, umevua viatu kabisa: "King'ora kililia saa kumi na mbili na dakika ishirini na tano au saa kumi na mbili na nusu, kulingana na aliyekuwa zamu." Ni sentensi bora kuliko zote nilizowahi kuandika. Hata Kevo aliisifu.

Ilidumu hadi asubuhi. Kabla ya saa moja Balbir alikuwa ameifuta na kuweka ishirini na tano yake. Sababu: "Ndirangu, huyu MuthoniMkubwa ni nani?"

Baada ya chai ya saa nne Guka akaweka nusu. Sababu: "Ndiye yule aliyeniua."